Sauti ya Nne

Ijumaa saa moja usiku, hotelini Jinja,
kati ya mchuzi wa sato na bili,
Tenywa huingia kwa mlango wa jikoni,
vibuyu vyake ndani ya gunia la sukari.
Mimi humfungulia.
Mimi ni mhudumu, meza ya sita hadi ya kumi na moja,
Mgisu wa Bududa. Mambo ya Wasoga hayakuwa yangu.
Nilidhani.

Meneja humpa dakika kumi na mbili.
"Piga ile ya kuchangamsha, wageni wamechoka na barabara."
Tenywa huinamisha kichwa kama mtu aliyekubali,
kisha hupiga ileile,
ya kumpokea mfalme,
mbele ya watu wanaopokea supu.

Bigwala si kazi ya mtu mmoja.
Kila baragumu lina sauti moja tu, basi,
kama mtu na jina lake.
Watano wakipokezana upesi,
wimbo hutokea katikati yao,
mahali pasipo na mdomo.

Mwezi wa Machi walimzika Kisambira,
mwenye sauti ya nne.
Ijumaa iliyofuata wakaja wanne.
Meneja akahesabu vichwa, akakata ujira wa kimoja.
Wakapiga.
Na pale ilipotakiwa ya nne
wakaacha shimo,
kubwa kiasi cha pumzi ya mzee mmoja,
wakaliruka, wakazunguka, wakarudi: shimo lilelile.
Wageni walipiga makofi.
Mmoja alisifu mdundo, eti wa kisasa.
Nilikuwa na sahani saba mkononi
na nilisikia zote saba zikikosa kitu.

Wiki ya tatu, kwenye ngazi za chumba cha dobi,
Tenywa akanipa kibuyu kirefu
kilichoungwa vipande vipande
kama mkono uliovunjika ukapona vibaya.
"Nimekuona," akasema.
"Tukifika mahali pake, kidole chako hugonga sinia."
Nikamwambia mimi si wa huku,
kwetu ngoma hufuata kisu.
Akanitazama kwa muda.
"Kisambira alikuwa na pumu," akasema.
"Puliza."

Nikapuliza.
Ikatoka sauti ya ndama aliyekwama matopeni,
kesho yake ya sinki linalomeza maji machafu.
Nabirye mpishi akanirushia mwiko, tena wa moto.
Miezi miwili, nyuma ya mapipa, sauti moja.
Sikujua moja inaweza kuwa ngumu hivi.

Wakati huo mbegu alizozifukia Tenywa
kando ya jenereta zilishaota,
mimumunye ikapanda ua, ikashika waya wa dishi,
picha ya mpira ikakatika dakika ya themanini.
Meneja akaamuru: ng'oa!
Okiror mlinzi, panga mkononi, akamjibu kwa upole
kuwa hayo ni maboga, bwana, ya supu ya Krismasi.
Yakaachwa. Sasa manane yananing'inia,
marefu, mabichi,
hayajui bado yatakuwa sauti ya ngapi.

Leo nimevua aproni.
Nimelaza sinia juu ya friji.
Gome la mutuba, alilolitaka meneja kwa ajili ya picha,
linaniwasha mabegani.
Tenywa anaanza. Ya kwanza.
Ya pili. Ya tatu.
Na hapo nafasi ya Kisambira ikafunguka mbele yangu
kama mlango wa jikoni unaosukumwa kwa nyonga,
nikaingia.
Nilichelewa kidogo.
Tenywa hakugeuka. Bega lake moja tu
lilishuka, kama la mtu aliyetuliwa kuni.

Mtoto wa meza ya nane akaacha chipsi.
Mama yake akauliza, wimbo unasema nini?
Hakuna aliyekuwa na mdomo wa kumjibu.

Meza ya tisa wakainua mkono: bili.
Lakini duara lilikuwa linarudi,
ya pili ilikwisha lia, ya tatu ilikuwa njiani.
Wakangoja.